Chini ya Kiti

Wamekileta asubuhi kwa guta, kimefunikwa turubai
kama mgonjwa asiyetakiwa kuonekana na majirani.
Mguu wa nyuma unacheza. Dereva kasema:
"Mheshimiwa anakitaka Ijumaa.
Na kiongezwe inchi nne."

Mimi Nampunga, seremala wa Rahaleo, hapa Lindi,
mkono wangu umezoea vitanda, majeneza, madawati.
Nikakipindua. Kiti kikipinduliwa
hakina tofauti na mbuzi wa machinjoni: miguu juu, tumbo wazi.
Na tumboni, maandishi.

Andiko la kwanza ni la herufi za Kiarabu, nukta zimeliwa na moshi.
Nilimwita Maalimu Bakili, akafuta miwani, akasoma kwa kituo:
"Mimi Feruzi, mtumwa wa liwali. Nimeunga miguu.
Ataka tumtazame shingo nyuma."

Chini yake, kwa ncha ya msumari:
"Bwana wa boma kaamuru kiinuliwe.
Aliyekipaka vanishi juzi kala hamsa ishirini,
kisa rangi ilinata kwenye suruali nyeupe.
Mtama wetu umeoza, tunapalilia pamba yake."
Jina hakuweka. Kaandika tu: Mmwera.

La tatu ni penseli, mwandiko wa misheni, umelala upande:
"Huyu hapigi. Huyu ana daftari.
Asiye na kodi ya kichwa, mkonge.
Inchi mbili. Amesema asante."

La nne sikuhitaji msomaji. Ni la baba,
kwa penseli aliyokuwa akiipachika sikioni hata msikitini.
"Wametuchomea nyumba ili tuhamie barabarani.
Anayekikalia ni wetu, kanywa uji kwangu utotoni.
Ameomba inchi tatu."
Halafu mstari mmoja umefutwa kwa msasa,
na aliyefuta ni yeye mwenyewe, namjua kwa mkwaruzo.
Nimeuinamia kwa tochi, nimeupapasa kwa kidole.
Haukubali.

Redio ya jirani huwataja wa mbali:
yule aliyejivika taji kwa mikono yake,
yule ambaye sanamu yake ilivutwa kwa kamba,
kichwa kikatangulia chini, watoto wakakipanda.
Mimi huwaza, nani aliwachongea viti?
Aliandika nini, na kwa lugha gani?

Kuna jambo seremala analijua na mkaaji haulizi.
Mguu ulioungwa si mguu mzima.
Unga juu ya kiungo, kisha unga tena,
kiti kitarefuka, naam,
urefu wa mtu aliyesimama juu ya ndoo.
Sikutia hila. Gundi nimeweka ya kutosha,
ulimi umeingia tunduni, umekaza,
inchi nne nimezipima mara mbili.
Baba angenichapa kwa kazi mbovu, hata kwa mtu huyu.

Ijumaa. Honi ya guta iko mlangoni.
Nina penseli, na nafasi imebaki kama kiganja.
Nilitaka kuandika bei ya ufuta.
Nilitaka kumwandika kijana wa Somoe
aliyekwenda kuulizia stakabadhi ghalani
na hadi leo sahani yake inafunikwa kila usiku.
Mkono ulitetemeka. Nimeandika:
"Nampunga. Inchi nne.
Mguu ulikuwa umelegea kabla yangu."

Dereva anacheka: "Unaandika nini huko, nani ataona?"
Hesabu ya mbao, nimemwambia.
Sikumtajia Somoe, anayefagia ofisi ile alfajiri,
akiingia kwa magoti hadi mvunguni,
wala wale waliowahi kulazwa kifudifudi mbele ya kiti hiki,
shavu moja sakafuni,
jicho moja likitazama juu.